Habari za Waliopoteza na Kujenga Tena

Hotuba iliyosemwa na katekista mmoja mbele ya Walimu na Wakristo, siku ya pili ya Yubile



Nimeagizwa kusema mbele yenu habari za vitabu. Walionipa kazi hii waliniambia, "Mwalimu, sema neno juu ya vitabu vifaavyo kusomwa katika mitaa yetu." Nalifikiri siku nyingi, maana vitabu vifaavyo ni vingi, na saa niliyopewa ni moja. Basi nimechagua aina moja tu, yaani vitabu visimuliavyo habari za mtu aliyepatwa na taabu, akapoteza alivyovipenda, kisha akajenga maisha yake tena.

Nimechagua hivi kwa sababu mbili. Ya kwanza, hii ni Yubile, na katika Yubile watu hupenda kuhesabu: makanisa mangapi, shule ngapi, waliobatizwa wangapi. Hesabu hiyo ni njema, nasi twamshukuru Mungu kwayo. Lakini nyuma ya kila jengo wamo watu waliojenga huku wakilia, na habari zao hazimo katika hesabu. Sababu ya pili ni yangu mwenyewe, na nitaanza nayo, ili msije mkadhani kwamba nasema mambo niliyoyaokota vitabuni tu.

Sasa ni mwaka wa nne tangu mke wangu kufariki. Aliugua siku tisa, na siku ya kumi tukamzika. Aliniachia watoto wawili, na yule mdogo alikuwa hajajua bado kufunga vifungo vya shati lake. Watu walikuja kwa wingi kama ilivyo desturi yetu, wakasema maneno ambayo sisi sote twayajua: Ni mapenzi ya Mungu, jikaze, wewe ni mwalimu, watoto wanakutazama. Wala sikuweza kuwakasirikia, kwa maana maneno yale yale mimi mwenyewe naliwaambia wengine kwa miaka kumi na mitano, mlangoni kwa wafiwa, kisha nikaenda zangu nyumbani kula chakula pamoja na mke wangu.

Naliendelea kupiga kengele na kusoma sala. Mdomo ulisoma, lakini moyo haukuwapo. Nikafundisha wakatekumeni habari za tumaini, nami nikajisikia kama mtu auzaye nguo ambayo yeye mwenyewe hana.

Katika mtaa wetu yuko bibi mmoja mjane. Yupo hapa leo, wala hataki nimtaje jina. Matanga yalipokwisha, na watu wakarudi makwao, ndipo yeye alipoanza kuja. Alikaa barazani akichambua mbaazi katika ungo, asiseme neno ila salamu. Siku ya nane akaniambia, "Mwalimu, macho yangu hayaoni tena herufi. Nisomee kitabu cha Ayubu." Nikafikiri moyoni, nitamsomea mwanzo na mwisho, kama nifanyavyo darasani siku zote. Naye akasema, "La, usiruke."

Basi nikasoma mlango wa tatu, ambamo Ayubu anailaani siku aliyozaliwa, na kuuliza kwa nini hakufa tumboni mwa mama yake. Nalisoma nikitetemeka. Nilipokwisha, yule bibi alinyamaza kitambo, kisha akaniuliza, "Mwalimu, mbona mlango huu hujapata kutusomea?" Sikuwa na jibu. Kweli ni kwamba naliuogopa. Nalidhani maneno kama yale yatawavunja watu imani. Lakini siku ile nalilia kwa mara ya kwanza tangu mazishi, na usiku nikaweza kusali sala iliyo yangu mwenyewe.

Tangu siku hiyo nimevitafuta vitabu vya namna hii na kuvisoma kwa bidii, nikiuliza ni vipi vimsaidiavyo mtu, na ni vipi vimwongezeavyo mzigo. Maana si vyote ni vyema. Nimeona alama tatu za kuvipima, nami nataka kuwaonyesha moja baada ya nyingine, pamoja na mifano yake.

Alama ya kwanza ni hii: kitabu chema huutaja msiba kwa jina lake, wala hakikimbilii faraja.

Kitabu cha Ayubu kina milango 42. Katika mlango wa kwanza na wa pili mali yake yapotea, watoto wake kumi wafa, na mwili wake wapigwa majipu. Katika mlango wa mwisho apewa tena. Mwalimu mvivu husoma milango hiyo mitatu, na watoto wa shule huondoka wakidhani kwamba kuteseka ni kama kungoja mvua: ukivumilia kidogo, itanyesha. Lakini milango iliyo katikati ni karibu 40, na yote ni kilio, na mashindano, na maswali. Mungu alipenda yaandikwe. Na tazameni rafiki zake watatu, Elifazi na Bildadi na Sofari. Walipofika waliketi chini pamoja naye siku 7 mchana na usiku, wasiseme neno. Hiyo ndiyo kazi njema waliyoifanya. Walipofungua vinywa na kuanza kumwonyesha sababu za msiba wake, ndipo walipokosa, hata mwisho wa kitabu Mungu akawakemea wao, akasema kwamba hawakunena yaliyo sawa kama mtumishi wake Ayubu.

Mfano wa pili ni Mtakatifu Augustino, Mwafrika, aliyezaliwa Tagaste mwaka 354, katika nchi iitwayo leo Aljeria, akafa mwaka 430 akiwa Askofu wa Hippo. Kitabu chake cha Maungamo alikiandika alipokwisha kuwa Askofu, mtu mwenye sifa, ambaye angeweza kuyaficha mambo ya zamani. Lakini hakuyaficha. Katika kitabu cha nne asimulia jinsi rafiki yake alivyokufa kwa homa wangali vijana, na jinsi mji wa kwao ulivyogeuka kuwa mateso kwake, kwa sababu kila mahali macho yake yalimtafuta rafiki yule wala hayakumwona, hata akauacha mji na kwenda Karthago.

Katika kitabu cha tisa asimulia kifo cha mama yake, Mtakatifu Monika, aliyefariki mwaka 387 huko Ostia, bandari ya Roma, walipokuwa wakingoja kurudi Afrika. Yeye mwenyewe alimfumba macho. Mwanawe Adeodato akapaza sauti kulia, wakamnyamazisha. Augustino akayazuia machozi yake, maana aliona haifai kumlilia aliyekufa katika imani. Akaenda maziko bila kulia, akarudi bila kulia. Akaenda kuoga, kwa kuwa alisikia kwamba kuoga huondoa huzuni, lakini akatoka vile vile alivyoingia. Akalala, akaamka, na alipokuwa peke yake kitandani mbele ya Mungu, ndipo akayaachilia machozi. Akasema kwamba mtu akitaka kumlaumu kwa sababu alimlilia mama yake sehemu ndogo ya saa, na amlaumu.

Ndugu zangu, jambo hili lilitendeka zaidi ya miaka 1,600 iliyopita, lakini mwanamume huyo namjua. Amekaa katika baraza zetu. Ni yule baba ambaye watu humwambia "Jikaze," naye akajikaza hata akawa kama gogo. Nilipoona kwamba mwalimu mkubwa wa Kanisa alifikiri kuoga kutamwondolea huzuni, na kwamba hakuona haya kutuandikia, nalijua kwamba simo peke yangu katika njia hii. Vitabu vya namna hii havikuondolei mzigo. Vyakuonyesha kwamba mwingine alipita hapo, na nyayo zake zingalipo.

Alama ya pili: kitabu chema huwataja waliosaidia kujenga.

Viko vitabu vingi vinavyosimulia mtu aliyeanguka, akasimama kwa nguvu zake mwenyewe, akawa tajiri au mkubwa, na mwisho hutuambia, "Nawe fanya hivyo." Mimi nasema vitabu hivyo humwongezea mfiwa aibu juu ya huzuni, kwa maana yeye hujiona hana nguvu ile. Tena si kweli. Wahenga walisema kidole kimoja hakivunji chawa. Basi kidole kimoja kitasimamishaje nyumba iliyoanguka?

Rudini kwa Ayubu. Wengi hudhani kwamba mali yake ilishuka kutoka mbinguni kama mana. Someni tena mlango wa 42. Imeandikwa kwamba ndugu zake wote, na dada zake, na wote waliomjua zamani, walikuja nyumbani kwake, wakala chakula pamoja naye, wakamlilia, na kila mmoja akampa kipande cha fedha na pete ya dhahabu. Huo ni mchango, ndugu zangu! Ndio mchango huu huu tuujuao sisi, wa kuweka senti sahanini. Baraka ya Mungu ilipita katika mikono ya majirani.

Sasa nataka kuwaletea vitabu vya kwetu. Mwaka 1873, tarehe 5 Juni, Seyyid Barghash wa Unguja alitia sahihi mapatano ya kufunga masoko ya watumwa na kukataza kuwasafirisha kwa bahari. Mahali pa soko la Unguja pakajengwa Kanisa Kuu, na jiwe lake la msingi liliwekwa Krismasi ya mwaka ule ule. Lakini watoto waliotolewa katika majahazi walikuwa hawana baba wala mama, wala hawakujua njia ya kurudi kwao. Wavulana wengi walipelekwa katika shule ya Kiungani, nje ya mji wa Unguja. Huko walifundishwa kusoma na kuandika, na baadaye baadhi yao wakaandika kwa Kiswahili habari za maisha yao wenyewe: kwao palikuwaje, walikamatwaje, waliuzwa mara ngapi, walifikaje pwani. Bwana A. C. Madan akazifasiri kwa Kiingereza, na kitabu kikapigwa chapa London mwaka 1887, nacho chaitwa kwa jina la shule ile, Kiungani.

Fikirini jambo hili. Mtoto aliyeuzwa kwa nguo, ambaye bwana wake alimhesabu pamoja na pembe za ndovu, ashika kalamu na kuandika: Mimi nalikuwa na mama, na kijiji chetu kilikuwa kando ya mto. Kabla hajajenga nyumba wala kuoa, amekwisha kuanza kujenga, maana amelirudisha neno "mimi" mahali pake. Wala hakulirudisha peke yake. Palikuwa na mwalimu aliyemfundisha herufi, na wenzake waliolala naye katika chumba kimoja, wenye msiba kama wake. Katika watoto wa Kiungani alitoka Cecil Majaliwa, Myao aliyepata kuwa mtumwa, naye mwaka 1890 akapewa Upadre, Mwafrika wa kwanza kupewa katika Misheni ile, akafanya kazi Chitangali katika nchi ya kusini.

Kitabu cha pili cha kwetu ni Uhuru wa Watumwa, alichokiandika James Mbotela kwa Kiswahili, kikatoka mwaka 1934. Yeye alikuwa mtoto wa wale waliokombolewa, na kitabu chake chasimulia jinsi wazee wake na wenzao walivyokamatwa, wakatembezwa hadi pwani, wakapakiwa jahazini, kisha jahazi likakamatwa na manowari ya Waingereza. Chasimulia pia jinsi walivyoletwa Freretown, karibu na Mombasa, mji uliowekwa mwaka 1875 kwa ajili ya watu kama hao. Kengele waliyoitundika huko, ya kuwaonya watu hatari ikija, ndiyo iliyopapa mahali pale jina la Kengeleni hata leo. Mwandishi huyu awasifu sana Waingereza waliowaokoa wazee wake, na wasomaji wengi wa siku hizi hawakubali kila neno la sifa hiyo. Nao wana haki kuuliza. Lakini mimi napenda kitabu hiki kwa sababu kinataja kazi za mikono: nani alifundishwa useremala, nani alilima, jinsi watu wa makabila mbalimbali wasiojuana lugha walivyopaswa kuwa majirani. Mtu aliyepoteza ukoo wake alipaswa kujenga ukoo mpya kwa watu asiowazaa wala wasiomzaa yeye.

Wala msidhani kwamba kujenga ni mara moja. Mwaka 1876 Askofu Edward Steere alitoka pwani na kundi la watu waliofunguliwa utumwani, wakitafuta njia ya kurudi upande wa Nyasa, nao wakafanya maskani yao Masasi. Wakalima, wakajenga kanisa na nyumba. Mwaka 1882 Magwangwara wakawashambulia. Wengine waliuawa, wengine wakachukuliwa mateka, na nyumba zikateketezwa. Hebu wazeni habari ya mtu aliyekamatwa utotoni, akauzwa, akafunguliwa, akaoa, akajenga, akakamatwa mara ya pili! Lakini Masasi ilijengwa tena, na tangu mwaka 1926 ina Dayosisi yake. Kila tupigapo kengele katika nchi hizi zetu, twapiga juu ya majivu ambayo watu waliyafagia kwa mikono yao.

Alama ya tatu: kitabu chema huliacha kovu lionekane.

Kwa mara ya mwisho nitarudi kwa Ayubu. Hesabuni pamoja nami. Mwanzo alikuwa na kondoo 7,000. Mwisho alipewa 14,000. Ngamia 3,000 wakawa 6,000. Jozi 500 za ng'ombe zikawa 1,000, na punda 500 wakawa 1,000. Kila kitu mara mbili. Lakini watoto? Mwanzo alikuwa na wana 7 na binti 3. Mwisho alipewa wana 7 na binti 3. Kwa nini si 20? Walimu wa zamani walijibu kwamba wale kumi wa kwanza hawakupotea. Wako kwa Mungu, basi jumla ni 20 kweli. Jibu hili lanipendeza. Lakini naona na neno jingine ndani yake: ngamia aweza kulipwa kwa ngamia, lakini mtoto halipwi kwa mtoto. Wale wa pili walikuja kama wao wenyewe, si badala ya wengine. Tena wale binti watatu wa mwisho wametajwa majina, Yemima na Kesia na Keren-hapuki, nao wakapewa urithi pamoja na ndugu zao wanaume. Mimi nadhani kwamba baba aliyezika watoto hujifunza kumwita kila mtoto kwa jina lake, na kumpa kila mmoja fungu lake mapema.

Jirani zetu Waislamu wana mwandishi ambaye sisi sote twamheshimu, Shaaban Robert, aliyezaliwa mwaka 1909 karibu na Tanga, akafa mwaka 1962. Alikuwa karani wa serikali, mtu wa mshahara mdogo. Mkewe Amina alifariki, akamwachia ulezi wa watoto, naye akatunga shairi la kumlilia ambalo watoto wa shule hulisoma hata sasa. Habari zake mwenyewe alizisimulia katika kitabu chake Maisha Yangu, cha mwaka 1949. Tena aliwatungia wanawe tenzi mbili za mawaidha, Utenzi wa Hati kwa binti yake, na Utenzi wa Adili kwa mwanawe wa kiume. Tazameni hekima yake. Hakujifanya kwamba amesahau, wala hakukaa katika kilio tu. Lile shimo lililobaki nyumbani mwake alilizungushia kazi: watoto hawa hawana mama wa kuwafundisha, basi baba aandike. Kovu li pale pale, lakini mkono wenye kovu unafanya kazi.

Na yule bibi wa mbaazi, yeye naye ana kovu lake. Miaka mingi iliyopita mwanawe alichukuliwa na maji akivuka mto wakati wa masika. Baadaye mumewe naye akafa, na shamba likagombaniwa, akatoka mikono mitupu. Leo ana nyumba, ana mihogo na mikorosho, na wajukuu wa watu wengine wamwita Bibi. Lakini hata leo hapiti njia ya mtoni. Akija kanisani huzunguka mlimani, mwendo wa saa nzima zaidi, katika jua na katika mvua. Zamani naliwaza kumkemea, nikimwambia kwamba ni upungufu wa imani. Namshukuru Mungu aliyenifunga mdomo. Mwanamke huyu hajakosa Misa kwa kuogopa mto ule. Amejitafutia njia nyingine ya kufika. Ikiwa hiyo si imani, mimi sijui imani ni nini.

Ndugu zangu, nimekwisha kuzitaja alama tatu. Sasa neno kwa Walimu wenzangu, juu ya namna ya kuvitumia vitabu hivi.

Msimpelekee mfiwa kitabu siku ya mazishi, wala katika juma la matanga. Wakati ule pelekeni maji, kuni na unga, mkae kimya. Kitabu kina siku yake, nayo huja watu wakiisha kutawanyika, na nyumba ikawa na kelele ya ukimya. Tena msimwambie, "Soma, utapona." Mwambieni, "Nisomee," au, "Tusome pamoja," kama yule bibi alivyonifanyia mimi. Yeye alijua vema kwamba mwenye kuhitaji kusikia ni msomaji.

Shuleni msiruke milango migumu. Watoto wengi madarasani mwetu ni mayatima, nao wajua tayari kwamba dunia ina mlango wa tatu wa Ayubu. Tukiuruka, watadhani kwamba Kanisa halina neno kwa ajili yao, watanyamaza, na ukimya ule utakua pamoja nao.

Na neno la mwisho, ambalo ndilo hasa nililolijia. Vitabu hivi visiishie kusomwa, na viandikwe. Wavulana wa Kiungani waliandika, lakini kitabu chao kikatoka kwa Kiingereza, na wengi wetu hatujapata kukishika. Mbotela aliandika kwa kuwa wazee wake walimsimulia wangali hai. Katika kila mtaa wetu wamo wazee waliojenga juu ya majivu, na kila mwaka twawazika pamoja na habari zao, kisha twaandika katika kitabu cha maziko jina na tarehe tu.

Mwaka jana nalinunua daftari ya shule, nikaenda kwa yule bibi, nikamwambia, "Bibi, nataka kuandika maisha yako." Akacheka sana. Akaniambia, "Mwalimu, maisha yangu yatajaza kurasa mbili." Sasa tumejaza daftari ya tatu. Jioni moja nalimsomea niliyoyaandika, jinsi alivyofika katika mtaa wetu hana kitu, akafyeka pori, akajenga nyumba yake. Akaninyoshea mkono kunizuia. "Hapo umekosa," akasema. "Usiandike kwamba nalijenga peke yangu. Andika jina la aliyeniazima jembe. Andika na jina la yule aliyekuja kuezeka, kisha akakataa ujira." Nikafuta, nikaandika upya. Hao wawili wamekwisha kufa, na watoto wao hawakuwa na habari ya jembe lile wala ya paa lile. Nalipowapelekea habari hiyo, mmoja wao alilia kwa furaha, maana hakupata kumjua baba yake.

Basi nawasihi. Kila mwalimu, kabla mwaka huu wa Yubile haujaisha, na atafute mzee mmoja, mwanamume au mwanamke, na daftari moja. Ombeni ruhusa kwanza. Asiyetaka kusema, msimlazimishe, maana ukimya wa mtu ni mali yake. Andikeni kwa maneno yake mwenyewe, si kwa maneno ya mahubiri. Kisha mmsomee mliyoandika, na akisema "Futa," futeni. Wekeni daftari mahali pakavu, penye mchwa wachache.

Nami mwenyewe nimeanza daftari ya nne, ambayo si ya yule bibi. Nawaandikia watoto wangu wawili habari za mama yao: jinsi alivyocheka, nyimbo alizoziimba akitwanga, maneno aliyosema siku ile ya tisa. Yule mdogo sasa ajua kufunga vifungo vyake, naye hukumbuka mambo machache mno. Nimefika ukurasa wa kumi na mbili, nami naandika polepole.

Mungu, aliye mwenye kukusanya vilivyotawanyika, awabariki walioanza kazi hii kabla yetu, nasi atupe moyo wa kuisimulia kwa kweli. Amina.